Barua kwa mwanangu: kwa nini walishikana mikono badala ya kuandikiana

Mwanangu,

Nimeiona meseji yako ya juzi usiku, ile uliyotuma baada ya kumaliza hiyo siriz ya wafalme wa Ulaya. Umeniuliza, hivi baba hawa watu wa enzi za kati walikuwa hawana kazi, kila kitu kupiga magoti, kubusiana, kuapa, kupeana fimbo, si waandikiane tu mkataba kila mtu aende kwake? Afu chini ukaongeza la yule jamaa aliyeshikishwa chuma cha moto. Nilianza kukujibu kwenye simu vidole vikagoma, sasa nimehamia kwenye kompyuta, kwa hiyo vumilia.

Hilo la kukosa kazi litoe kichwani. Ile sherehe unayoiona ndo mkataba wenyewe mwanangu. Ulaya ya miaka ya 1100 wanaojua kusoma wengi wao ni mapadri, watawa na makarani, bwana mkubwa mwenye ngome na farasi zizini anaweza asijue herufi hata moja, sasa umpe ngozi iliyoandikwa Kilatini akaifanyie nini? Kinachomfunga ni kile alichokifanya kwa mikono yake na mdomo wake mbele ya watu wanaomjua, kesho akikana wapo mia wa kumwambia wewe si tulikuona.

Nakupa kisa kimoja ambacho nilikuwa nakipenda sana enzi zangu za kufundisha. Mwezi Machi 1127, mtawala wa Flanders, Charles waliyemwita Mwema, aliuawa kwa upanga akiwa anasali kanisani mjini Bruges (siku hizi ni Ubelgiji). Mji ukachafuka. Bahati nzuri alikuwepo karani mmoja, Galbert, akawa anaandika mambo karibu siku kwa siku, kwa hiyo tunajua vizuri yaliyofuata. Akachaguliwa mtawala mpya, William Clito, na Aprili hiyo hiyo watu wa marehemu wakaja kujiweka chini yake. Mmoja mmoja anaulizwa, unataka kuwa mtu wangu kabisa bila kubakiza kitu? Anajibu nataka. Anakunja viganja vyake pamoja, mtawala anavifunika kwa vyake, wanabusiana. Baada ya hapo anatoa ahadi ya uaminifu, kisha anaiapia juu ya masalia ya watakatifu, yaani mifupa na vitu vyao, na mtawala akiwa na kijifimbo mkononi ndo anawakabidhi rasmi ardhi zao.

Sasa angalia hizo hatua. Kuweka mikono ndani ya mikono ya mwenzako ni kusema mimi niko chini yako, hata upanga siwezi kushika hapa. Busu linafuata, na busu linawarudisha karibu na usawa, maana mtumwa habusiwi. Masalia yanamleta Mungu awe shahidi. Na fimbo inakuja mwisho kabisa, shamba hulipati kabla hujaapa! Wanasheria wenu wa leo wangeandika kurasa arobaini kwa kazi hiyo.

Tena kuvunja nako kulikuwa na utaratibu wake, hapo ndo mimi huwa nacheka. Wakati wauaji wa Charles wamezingirwa ndani ya ngome, watu waliokuwa wameapa utii kwao waliokota mabua ya nyasi kavu wakayatupa chini mbele ya macho ya watu, basi, kiapo kimekwisha, hatudaiani. Huyo Clito mwenyewe hakumaliza muda, aliwageuka watu wa mijini kwenye mambo aliyowaapia, mwaka uliofuata wakamkataa wazi wazi wakimwambia wewe ndiye uliyevunja kwanza, na Julai 1128 akafa kwa jeraha la vita pale Aalst. Kwa hiyo usidhani yule anayepiga magoti ndiye amefungwa peke yake, na anayepigiwa naye kafungwa. Sisi shuleni tulimezeshwa kwamba ukabaila ni bwana kumnyonya mtwana, na unyonyaji ulikuwepo kweli, mkulima wa kule hakuna aliyembusu, ila kati ya wakubwa wenyewe kwa wenyewe ilikuwa ni kufungana pande zote mbili.

Utauliza, sasa mashahidi wakifa? Waliliwaza hilo. Sheria za Wafaranki (watu wa kale wa Ulaya) wa upande wa mto Rhine, za karne ya 7, zinasema mtu akinunua mali bila kupata hati aende na mashahidi watu wazima na watoto idadi hiyo hiyo, alipe mbele yao, halafu kila mtoto apigwe kofi na kuvutwa masikio ili akumbuke. Hebu fikiria, unaenda kucheza unarudi na sikio jekundu kwa sababu jirani kanunua shamba! Ila hesabu yao ilikuwa sahihi, mtoto wa miaka saba anaweza kuja kutoa ushahidi miaka hamsini baadaye. Na ile kukabidhiana bonge la udongo au kisu unapopewa ardhi, wewe mtoto wa Uchagani hilo lisikushangaze, babu yako alikuwa haandiki mipaka ya shamba popote, anapanda masale na wazee wanaangalia. Kuna hati ya mwaka 1069 inayosema William mshindi wa Uingereza alipowapa watawa wa Rouen ardhi alimpa abati, yaani mkuu wao, kisu, na kwa utani akajifanya anataka kumchoma nacho kiganjani, akasema hivi ndivyo ardhi inavyotakiwa kutolewa. Huyo abati nadhani hakusahau.

Maandishi yalipozidi, sherehe haikufa, watu wakaanza kugombania maana yake. Juni 1329 Edward wa tatu wa Uingereza, kijana wa miaka 16, alienda kanisa kuu la Amiens kutoa heshima kwa Philip wa sita wa Ufaransa kwa ajili ya ardhi yake ya Guyenne kule kule Ufaransa, maana kwa ardhi hiyo yeye mfalme mzima alikuwa mtu wa mfalme mwingine. Kijana akatumia maneno ya jumla jumla. Wafaransa wakang'ang'ania, wewe ni mtu wetu kabla ya bwana mwingine yeyote au vipi? Mwaka 1331 akakubali kwa barua. Mwaka 1337 Philip akaitwaa Guyenne na ile vita tunayoiita ya miaka mia ikaanza. Sababu zilikuwa nyingi, ila hilo la nani amshike nani mikono na kwa maneno gani lilikuwa katikati kabisa.

Haya, chuma cha moto. Hiyo ilikuwa ni kumpelekea Mungu kesi ambayo haina shahidi. Padri anakibariki chuma, mshtakiwa anakibeba hatua chache, mkono unafungwa, baada ya siku tatu wanafungua, kidonda kikiwa kisafi kaachiwa, kikioza kahukumiwa. Nyingine ni ya maji baridi, ukizama huna hatia, ukielea unayo, na waliozama walivutwa watoke. Mimi sioni kama walikuwa wajinga, wengi waliogopa kusema uongo mbele ya Mungu na wakakiri kabla hata chuma hakijapata moto. Waliokuja kuiua ni wakuu wa kanisa wenyewe, mtaguso, yaani mkutano wao mkuu, wa Laterano kule Roma mwaka 1215 uliwakataza mapadri kubariki zoezi hilo, na bila padri halina maana. Uingereza mwaka 1219 majaji wa mfalme wakajikuta magereza yana watu na hakuna njia ya kuwahukumu, ndo wakaanza kuwauliza raia wa eneo husika chini ya kiapo kama fulani ana hatia, na hilo jopo ndilo unaloliona mpaka leo kwenye muvi za mahakama za kizungu.

Mama yako anakusalimia, anauliza lini unakuja.

Baba