Ramani ilionyesha mvua, mbona kwetu kukavu?

SWALI: Juzi usiku televisheni iliweka wingu la mvua juu ya Tanga. Nikaahirisha kumwaga jamvi, yaani zege la sakafu ya nyumba, na kutwa nzima halikudondoka hata tone. Halafu wanasema mara "angalizo", mara "tahadhari". Si kitu kimoja?
Msomaji, Tanga mjini

JIBU: Kijiwingu kile kimebebeshwa mkoa mzima, kuanzia Pangani ufukweni hadi Lushoto milimani. Upepo wa baharini ukigonga Usambara hupanda, hupoa na kunyesha huko huko juu, nanyi wa mjini mkabaki na jua. Kwa hiyo sikiliza maneno kuliko kutazama picha. "Maeneo machache" maana yake sehemu kubwa ya mkoa huenda isipate kitu, na bado utabiri ukawa sahihi. Kawaida utabiri wa kila siku hubeba saa 24, kwa hiyo mvua ya saa tisa usiku nayo imo, hata kama uliipitisha usingizini.

Angalizo na tahadhari ni ngazi mbili tofauti. Mamlaka ya Hali ya Hewa Tanzania hutumia njano kwa angalizo, rangi ya chungwa kwa tahadhari, na nyekundu kwa tahadhari kubwa. Rangi hutokana na mambo mawili: uwezekano wa jambo kutokea, na ukubwa wa athari zake. Taarifa ya mamlaka huyataja yote mawili. Habari za saa mbili zikibanwa na muda, la pili ndilo hukatwa, nalo ndilo ulilohitaji. "Mvua kubwa" ni inayozidi milimita 50 kwa saa 24, yaani lita 50 kwa kila mita moja ya mraba. Hiyo ndiyo ya kuahirishia jamvi. Kwa manyunyu ya maeneo machache, weka turubai karibu ufunike saa za mwanzo. Zege likishakaza, mvua inalisaidia kukomaa.

SWALI: Mtangazaji anaonyeshaje Kigoma bila kugeuka?

JIBU: Nyuma yake hakuna ramani, kuna ukuta wa kijani mtupu. Kompyuta hufuta kijani na kuweka ramani mahali pake. Yeye hujiona kwenye skrini zilizo pembeni, na huufuata mkono wake humo. Akivaa kitenge chenye kijani kile kile, Ziwa Victoria litamtokea kifuani. Ukuta usipomulikwa sawasawa, nywele zake huonekana kama zimeng'atwa na panya.