Barua kwa Mwanangu: Kuhusu Mekapu ya Filamu

Mwanangu mpendwa,

Barua yako nimeipata na nimeisoma mara tatu. Unaniuliza kama uache kupamba maharusi, kazi ambayo tayari inakupa riziki, uingie katika mekapu ya filamu na televisheni niliyoifanya mimi kwa zaidi ya miaka 20, na kama mkono wako unatosha. Mkono wako unatosha, nimeuona. Ninakuandikia kwa kirefu kwa sababu kazi hii inadai pia kumbukumbu, na naona hakuna aliyekueleza hilo.

Bibi harusi unampamba siku moja, akapendeza, kazi ikaisha. Uso wa mwigizaji utakaa nao wiki nyingi, na matukio hayapigwi kwa mpangilio wa hadithi: asubuhi mnaweza kupiga mazishi yanayofunga filamu, na alasiri mkapiga siku ambayo marehemu huyohuyo alichumbiwa. Kwa hiyo kabla hujafungua sanduku la vipodozi unausoma mswada wote, unaugawa kwa siku za hadithi, kisha unaandika hali ya ngozi ya kila mhusika kwa kila siku: amelala au amekesha, amelia, amepigwa, jeraha lake lina siku ngapi. Ngozi nyeupe iliyovilia damu huanza na wekundu, ikageuka zambarau, kisha kijani, na ikikaribia kupona hubaki na manjano. Kwenye ngozi nyeusi sana rangi hizo hazijitokezi hivyo. Hapo utafanya kazi zaidi na uvimbe na weusi ulioongezeka, na anayepaka zambarau kwa kukariri anaonekana mara moja.

Nikusimulie kosa langu. Katika tamthilia moja mhusika alikuwa na jeraha juu ya nyusi ya kushoto. Tulipiga nusu ya tukio, tukapiga nusu nyingine baada ya siku tisa, nami niliamini macho yangu na picha moja niliyoipiga kwa pembeni. Jeraha likakaa karibu upana wa kidole kuelekea puani. Mhariri alipounganisha vipande, jeraha lilikuwa linahama mhusika huyo anapogeuza kichwa, na ikabidi waikate sehemu ambayo mwigizaji yule alilia vizuri kuliko siku zote. Kilio chake kilipotea kwa mkono wangu, na mpaka leo kinaniuma. Tangu hapo ninaweka plastiki nyembamba inayoonyesha upande wa pili juu ya uso, ninatia alama pembe ya jicho na baka au kipele cha kudumu, kisha ninatoboa tundu pale jeraha lilipo. Kesho yake, au mwezi ujao, tundu linanirudisha palepale. Picha nazo napiga za mbele na za pande zote mbili, katika mwanga uleule.

Utajifunza pia lateksi ya povu na silikoni, ambazo hutengenezewa vipande vya ngozi bandia, na gundi za kuvibandika usoni, na huko usiwe na haraka. Dick Smith wa Marekani, aliyemzeesha Dustin Hoffman hadi umri wa miaka 121 katika filamu ya mwaka 1970, alitumia vipande vingi vidogo vinavyopandana badala ya kinyago kimoja kizima, ili uso ulio chini uendelee kusogea. Hilo ndilo ninaloliheshimu zaidi katika fani yetu: mwigizaji lazima abaki na uso wake wa kuigizia. Na ngozi yake ni chombo chake cha kazi. Ijaribu gundi mkononi mwake siku moja au mbili kabla, chota krimu kwa kijiko chake badala ya kuchovya brashi ya mdomo koponi, na kuondoa vitu usoni jioni kupewe muda uleule uliotumia kuvibandika, hata kama wote wamechoka na gari linasubiri.

Kuhusu riziki, malipo huja kwa mradi. Kuna miezi ya kuamka saa tisa usiku ili waigizaji wawe tayari jua likichomoza, na kuna miezi ya kimya. Ndiyo maana ninakuomba usiwaage maharusi bado. Tafuta kwanza kazi ya msaidizi katika mradi mmoja, hata wa kuosha brashi na kutunza daftari la mwendelezo, lile la hali ya ngozi ya kila mhusika kwa kila siku, na ujitazame: ukiona lile daftari linakuchosha, rudi kwa maharusi bila aibu, ukijikuta unalifungua usiku kuhakikisha kovu la kesho, niandikie, nami nitakutumia plastiki zangu zote.

Mama yako akupendaye