Kuuza mahindi sasa au kusubiri bei ipande

Ndugu, umeuliza kama uuze mahindi yote mara baada ya mavuno ili ulipe karo, au uyaweke hadi bei ipande. Utafiti wa Marshall Burke, Lauren Bergquist na Edward Miguel, uliofanywa magharibi mwa Kenya na kuchapishwa mwaka 2019, ulionyesha kwamba wakulima waliopewa mkopo wakati wa mavuno waliweza kuchelewa kuuza, wakapata faida ya asilimia 29 ya fedha walizokopa. Na pale wakopaji walipokuwa wengi, bei sokoni haikuyumba sana, hivyo hata majirani wasiokopa walionekana kunufaika, jambo ambalo kwangu ndilo kubwa zaidi. Kwa hiyo tafuta kwanza mkopo nafuu wa karo, uuze magunia machache tu, na yanayobaki uyakaushe vizuri kabla ya kuyahifadhi, kwa sababu mahindi yenye unyevu huingiwa na sumukuvu, yaani sumu itokanayo na ukungu.