Darasa la mapishi ya Kikhmer Siem Reap: lipia, ila uliza kwanza habari za kinu

Mdogo wangu uliyeuliza kama darasa la mapishi la nusu siku kule Siem Reap, Kambodia, lina faida yoyote kwa mtu wa Tanga aliyelelewa kwa nazi, tena asiyekula nguruwe, au heri hela hiyo ukale tu mgahawani: mimi nami ni wa Tanga, napikia watu shughuli Dar es Salaam huu mwaka wa kumi na moja, na Februari 2024 nilihudhuria madarasa mawili katika mji huohuo. La kwanza lilinila hela bure. La pili limebadilisha namna ninavyopika na tui hadi leo. Nenda, ila kabla hujatoa hela uliza swali moja: viungo tunatwanga wenyewe, au tunavikuta vimeshasagwa?

Swali hilo sikulijua siku ya kwanza. Nilijiandikisha pale nilipofikia, tukakusanywa watu kumi na wanne kwenye jiko zuri linalong'aa, kila mtu na aproni yake. Mbele yangu nilikuta vibakuli sita. Samaki ameshakatwa, tui ni la kopo, majani ya mgomba yameshakunjwa, na donge la viungo la rangi ya manjano limeshapita kwenye mashine. Kazi yetu ilikuwa kumimina na kukoroga. Nilipoomba kuona lile donge linavyotengenezwa, mwalimu alinyanyua kikapu cha viungo vizima, akatuonyesha, akakirudisha chini. Chakula kilikuwa kitamu, sikatai. Lakini kama ni kula, hata mgahawani ningekula, na kwa bei nafuu zaidi.

Donge lile wenyewe wanaliita kroeung, na mapishi mengi ya Kikhmer (Wakhmer ndio watu walio wengi Kambodia) huanzia hapo kama mchuzi wetu unavyoanzia kwenye kitunguu. Ndani yake mna mchaichai, galanga (mzizi ulio ndugu na tangawizi, ila harufu yake inaelekea kwenye msonobari zaidi ya kwenye chai), manjano mbichi, kitunguu saumu, vitunguu vidogo vyekundu, na majani ya ile ndimu yenye ganda la makunyanzi, ambayo kila jani lake ni kama majani mawili yameungana ncha kwa ncha. Kuna ya njano, kuna ya kijani inayozidishiwa mchaichai, na kuna nyekundu inayotiwa pilipili kavu zilizorowekwa. Usiogope hizo pilipili, ni za rangi zaidi kuliko ukali. Chakula cha Kikhmer kwa kawaida si kikali kama cha jirani zao wa Thailand; pilipili kali huwekwa pembeni, anayetaka anajitilia.

Darasa la pili nilielekezwa na dereva wa bajaji (bajaji yao ni pikipiki inayovuta kigari). Lilikuwa nyumbani kwa mama mmoja nje kidogo ya mji, wanafunzi wanne, dola 25 kwa mtu. Tulimwita Ming, neno wanalomwitia mwanamke aliye rika la mama mdogo au shangazi. Kule mtu mzima huitwi jina lako kavukavu, na hilo peke yake lilinifanya nijisikie nimefika kwa watu. Alitupitia saa kumi na mbili na nusu asubuhi twende soko la Phsar Leu, wanakonunua wenyeji. Phsar Chas, lile la katikati ya mji, ni zuri pia lakini limezoea wageni. Darasa la asubuhi ndilo ninalokushauri kwa sababu hiyohiyo, kwani ukienda la jioni soko limeshalala.

Sokoni Ming hakueleza mengi, alitupa vitu mikononi. Alivunja shina la mchaichai akaninusisha chini kabisa, karibu na mzizi, halafu juu. Tofauti ni kubwa. Sisi tunachemsha majani kwa chai. Wao kwa kroeung wanachukua sehemu ya chini tu, ile nyeupe yenye kuelekea zambarau. Kwa muuza nazi nilitazama nazi zikikunwa kwa mashine na tui likikamuliwa palepale. Kwa muuza pilipili manga nikaona mashada mabichi ya kijani yakiwa bado kwenye vikonyo vyake, ya kutoka Kampot, kusini mwa nchi. Pilipili manga ya Kampot ina hadhi ya kisheria inayolinda jina lake tangu 2010, kwa hiyo iliyolimwa nje ya eneo linalotambuliwa hairuhusiwi kuuzwa kwa jina hilo. Ukiwa na nafasi ya kitu kimoja tu kwenye begi, beba hiyo, ila iwe kavu.

Sasa kinu. Walitupa kila mmoja kinu chake na mchi, na kabla ya kutwanga tulikata mchaichai kwa upana wake, vipande vyembamba kiasi kwamba kisu kikionekana upande wa pili umefaulu. Ukikata vinene, nyuzi zake hazitwangiki hata ukeshe. Unaanza na vigumu, yaani mchaichai na chumvi kidogo ili isaidie kusaga, kisha galanga na majani ya ndimu yaliyotolewa ule mshipa wa kati, kisha manjano, na mwisho kabisa vitunguu kwa sababu vina maji. Nilianza kwa kukosea mpangilio, nikatia vitunguu mapema, ikawa mchaichai unaelea na kuteleza kila mchi ukishuka. Ming alimwaga kinu changu kwenye bakuli, akanirudisha mwanzo. Hakupima dakika. Alikuwa amegeuka anachochea mkaa, na kwa mgongo wake akasema bado. Alikuwa anasikiliza. Mwanzo mchi unagonga ko, ko, ko. Donge likishakuwa tayari sauti inalainika, pwa, pwa, kama mtu anayepiga udongo wa kukandikia. Ilinichukua kama nusu saa, na harufu ya manjano ikabaki kwenye kucha mpaka nilipokuwa ndegeni.

Kusikiliza kinu alifundishwa na bibi yake. Bibi huyo aliishi ile miaka ya Khmer Rouge, utawala wa kikomunisti wa Pol Pot, 1975 hadi 1979, watu walipofukuzwa mijini wakalimishwe mashambani, wakakatazwa kupika majumbani mwao, wakawa wanakula uji mwepesi wa mchele wa kugawiwa kwenye mabwalo. Makadirio ya waliokufa yanakwenda kati ya milioni moja na nusu na milioni mbili. Mapishi mengi yalikuwa kwenye vichwa vya wanawake, na wengi wao hawakurudi. Ming alituambia haya huku anapepea moto, kwa sauti ileile aliyotumia kutuambia tuongeze chumvi, na hapo nikaelewa kwa nini hakukubali tutumie mashine.

Halafu likaja suala la tui, na hili ndilo jibu la swali lako hasa. Sisi wa pwani tumefundishwa nini? Tui la pili kwanza, tui zito mwishoni, na ukishalitia usiache kukoroga lisikatike. Tui likikatika mbele ya wakwe ni aibu. Sasa Ming aliweka tui zito peke yake kwenye kikaango, moto wa wastani, akaliacha. Likaanza kuchemka, likatoa mapovu makubwa mazito, kisha likaanza kukatika, mafuta upande huu na masimbi upande ule. Mkono wangu ulikwenda wenyewe kwenye mwiko. Akaushika, akaurudisha mapajani kwangu kwa upole. Tui lilipokatika sawasawa, mafuta yanang'aa juu, ndipo akaitia kroeung ndani ya yale mafuta ya nazi. Harufu iliyotoka pale sijapata kuisikia katika jiko lolote, na niko jikoni tangu nina miaka tisa. Hawahitaji mafuta ya kupikia, maana nazi imetoa yake. Tui la pili linafuata baadaye kulegeza, na zito kidogo linabaki la kumwagia juu mwishoni. Nazi ni ileile, ila wao wanakoanzia ndiko sisi tunakokukimbia, na kuliona hilo likifanyika kwa macho yako ndiko kunakostahili dola 25.

Chakula chenyewe kilikuwa amok ya samaki. Kroeung ikishakaangwa unatia sukari kidogo ya mvumo, maana wanagema mvumo wao asubuhi na jioni na kupika utomvu wake mpaka unakuwa sukari ya kahawia. Barabara ya kwenda Banteay Srei, kijiji cha Preah Dak, utawaona wameweka masufuria kando ya njia. Ukiipoza unachanganya na yai na vipande vya samaki wa mtoni. Majani ya mgomba tuliyababua juu ya moto kama tunavyobabua nyumbani, kisha tukayakunja pembe nne kuwa vikombe na kuyabana kwa vijiti. Chini unatandika majani ya mti wa noni, yana uchungu mdogo unaokata utamu wa nazi. Kisha mvuke, dakika ishirini na tano hivi, mpaka inashikana na kutikisika kama kastadi. Mgahawani mara nyingi utaletewa amok iliyo mchuzi mzito tu, kwa sababu ya mvuke inachukua muda. Ukishakula ile iliyoshikana utajua kwa nini nasema hivi.

Tulifanya pia saladi ya ua la mgomba. Nitaipita haraka: ukilikata liloweke papo hapo kwenye maji ya ndimu, la sivyo linakuwa jeusi, na paka mikono mafuta kwanza kwa ajili ya utomvu. Kitamtam cha mwisho kilikuwa chek ktis, ndizi mbivu kwenye tui na sagu, ndugu kabisa na ndizi za nazi za bibi zetu ila bila iliki na kwa chumvi kidogo zaidi.

Prahok utakutana nayo, jiandae. Ni samaki aliyesagwa, akaanikwa, akatiwa chumvi na kuachwa kwenye mitungi kwa wiki nyingi, wengine hadi mwaka na zaidi. Mto wa Tonle Sap hugeuza mkondo wakati wa mvua, mto mkubwa wa Mekong ukijaa maji yanasukumwa kurudi kwenye ziwa la Tonle Sap na ziwa linapanuka mara kadhaa. Maji yakirudi chini, kuanzia kama Desemba mpaka Februari, samaki wadogo wanashuka kwa wingi na nyumba nyingi zinatengeneza prahok ya mwaka mzima. Nilikuta msimu huo. Kwa pua iliyozoea ng'onda na papa, harufu haitakushinda. Kijiko kimoja cha chai ndani ya sufuria nzima, na mchuzi unapata kina ambacho chumvi peke yake haitoi.

Kuhusu nguruwe: mwambie mwalimu siku unayolipia, usingoje asubuhi ya darasa. Nilifanya hivyo, Ming akapika kila kitu kwa samaki na kuku na akaniwekea sufuria ya peke yangu. Jihadhari na prahok ktis, yaani prahok iliyopikwa kwa tui, kwa kawaida ina nyama ya nguruwe iliyosagwa hata kama jina halisemi. Wapo Wacham, Waislamu wa Kambodia, na Siem Reap wana msikiti na vijimgahawa vya halali karibu yake. Nilikula huko siku mbili na sikujuta.

Kesho yake nenda hekalu la Bayon, kuta za nje. Mawe yale yalichongwa enzi za mfalme Jayavarman wa Saba, miaka 800 na zaidi iliyopita, na katikati ya vita na mashua utaona watu wanapika, wanachoma vitu kwenye vijiti, wanawake wako sokoni. Nilikaa pale muda mrefu kuliko nilivyokaa Angkor Wat, lile hekalu mashuhuri zaidi.

Nyumbani inawezekana. Mchaichai upo, manjano mbichi ya Muheza au Zanzibar ni bora kabisa, na majani ya mlimau machanga nayatumia mahali pa ile ndimu yao, japo ni hafifu. Galanga ndiyo tabu. Natia tangawizi nusu ya kipimo, na ladha inakuwa jirani, si yenyewe. Samaki natumia changu, kwa sababu nguru ana mafuta mengi na anaizidi kroeung nguvu. Kwa watu sita natwanga mashina manne ya mchaichai, punje sita za saumu, vitunguu vidogo vitano, kipande cha manjano kama kidole cha mwisho na cha tangawizi kama hicho, majani matatu, kwa nazi mbili. Mara ya kwanza nilipopika Tanga, mama aliona tui linakatika akainuka kuchukua mwiko, nami nikaushika mkono wake kama nilivyoshikwa wangu. Alisimama pale jikoni mpaka kroeung ilipoingia kwenye mafuta, kisha akauliza kama mchaichai ni ule wa nyuma ya nyumba.