Wachezaji wa Bali: wamezirai, wamepagawa au wamepandisha?

Msomaji anayetafsiri maelezo ya filamu ya wanaanthropolojia Gregory Bateson na Margaret Mead kuhusu ngoma za Bali, kisiwa cha Indonesia, anauliza: wachezaji wanaojielekezea majambia vifuani hali hawajitambui, tuseme wamezirai, wamepagawa au wamepandwa na pepo?

Filamu hiyo, iliyotolewa mwanzoni mwa miaka ya 1950 kutokana na picha zilizopigwa miaka ya 1930, nyingi zikiwa za kijiji cha Pagutan, inaonyesha hali mbili zinazofuatana, na kila moja inadai neno lake. Wafuasi wa joka Barong wanapomvamia mchawi Rangda, yeye huwaangusha wakalala chini bila nguvu. Hapo “kuzirai” kunafaa. Lakini Barong akishawaamsha, huinuka, hujipinda na kuikandamiza ncha ya kirisi, jambia la Kibali, kifuani, jambo ambalo aliyezirai hawezi kulifanya, kwa hiyo neno hilo liishie pale pale walipolala.

“Kupagawa” lingetosha zamani. Leo watangazaji wamelizoesha kwa mashabiki wa muziki na mpira, na msomaji atadhani wachezaji wamezidiwa na furaha.

Lililobaki ni gumu zaidi. Wabali wenyewe husema “kerauhan”, kutokana na “rauh”, yaani kuwasili: mchezaji amefikiwa na mgeni asiyeonekana, naye hatendi bali hutendwa. Kiswahili kinalo umbo hilo hilo katika “kujiwa” na “kupandwa”, nami ningeyatumia bila kusita pale anaponukuliwa mtu wa Bali akieleza yaliyompata. Anayesimulia filamu, hata hivyo, ni Mead, ambaye pamoja na Bateson aliitafuta asili ya hali hiyo katika malezi ya mtoto na tabia ya jamii. Ukiandika “wamepandwa na pepo” katika maneno yake, umemfanya shahidi wa pepo ambao hakuwataja. Mpe “wamepandisha”, neno linalosikika kila siku katika ngoma za pepo za pwani yetu, kwani linaeleza hali bila kulazimika kumtaja aliyepanda.

Mwishoni wachezaji hufukizwa ubani na kunyunyiziwa maji matakatifu hadi fahamu ziwarejee. Hapo andika “kuzinduliwa”, wala si “kupungwa”, maana anayepungwa ni mgonjwa anayetibiwa maradhi ya pepo, na wachezaji wa Pagutan hawakuwa wagonjwa.