Jibu: Swaleh na Salim si jina moja

Ndugu yangu wa Malindi, umeuliza kama Swaleh na Salim ni jina moja lililoandikwa namna mbili, maana mkeo anataka mtoto aitwe hili na mama anataka lile. Si moja, kwa hivyo hapo itabidi mchague!

Kwa Kiarabu, Salim huanza kwa herufi sini, ni ndugu wa salama: aliyesalimika. Swaleh huanza kwa swadi, ile herufi nzito, na ndiyo sababu sisi watu wa pwani twaiandika "sw", kama katika swala. Maana yake ni mtu mwema, aliyetengenea, anayefaa. Na mzizi wake unao mdomoni kila siku bila kujua: suluhu, kusuluhisha, maslahi, yote yametoka humo. Mimi hilo ndilo linalonipendeza zaidi.

Asili yake ya kale ni Nabii Swaleh, aliyetumwa kwa watu wa Thamud. Walipewa ngamia jike kuwa ishara, wakaambiwa wasimdhuru, wakamuua, wakaangamia. Mada'in Salih, kule Saudia, pameitwa kwa jina lake.

Huku Lamu, ukitaja Swaleh wazee humkumbuka kwanza Habib Swaleh, sharifu mwenye asili ya Ngazija, aliyeasisi msikiti wa Riyadha. Maulidi ya Lamu yanahusishwa naye, na ndiyo maana akina Swaleh wamejaa mitaani. Ita jina hilo pale gatini, watageuka watatu.

Salehe ya bara ni jina hilohilo. Kwenye cheti andikeni tahajia moja tu, msije mkasumbuka baadaye.