Weka hiyo chupa chini, mama apime TSH kwanza

Mleta mada, weka hiyo chupa chini. Unasema mama ana rovu tangu wewe hujazaliwa, miezi ya karibuni amekonda, mikono inatetemeka, usiku halali, moyo unamwenda mbio, jamaa wa virutubisho kakuuzia matone ya madini joto na sasa unauliza aanze na mangapi, aache kabichi na muhogo au la, na kama operesheni ni lazima. Matone mangapi? Sifuri. Hata moja usimpe mpaka apime TSH, kipimo cha damu kinachoonyesha tezi la shingoni linafanya kazi vipi. Nimesoma uzi wako nikahisi tumbo linakata kwa sababu hiyo njia nimeipita mwenyewe na kidogo ibebe roho yangu.

Mimi ni wa Njombe. Huku kwetu marovu tumekua nayo, bibi yangu alikuwa na kubwa kama embe na alilima mpaka uzeeni, hakuwahi kulalamika moyo wala kutetemeka. Kwa hiyo langu lilipotokea nikiwa na miaka thelathini na kitu sikushtuka. Shuleni tulifundishwa rovu ni upungufu wa madini joto, basi, kichwani kwangu rovu lilikuwa na maana hiyo moja tu. Kumbe rovu ni uvimbe wa tezi la thairoidi, na tezi likivimba homoni zake zinaweza kuwa sawa, zikawa pungufu, au zikawa nyingi kupita kiasi. Kwa kutazama shingo huwezi kujua ni lipi.

Mwaka 2019 ndo akaja huyo mtu. Koti jeupe, mashine ya kushika mkononi inayosoma eti mwili mzima, akaniangalia shingo dakika mbili akasema mama mwili wako una njaa ya madini joto. Akaniuzia chupa, matone manne asubuhi manne jioni. Nikamuuliza hii ni dawa? Akasema hapana, hii ni lishe, haina madhara hata kwa mtoto. Hilo neno lishe ndilo lililoniumiza kuliko kitu kingine chochote na nitakwambia kwa nini.

Wiki ya tano hivi nikaanza kuchemka mwili. Natoka jasho Njombe, mwezi wa saba, watu wamevaa makoti! Nikasema ni ukomo wa hedhi. Nakula ugali wa watu wawili na bado nakonda, kutoka kilo 71 mpaka 58, majirani wakaanza kuninong'ona, unajua mtu akikonda wanamsingizia nini. Nikimimina chai inaishia kwenye sahani. Mwanangu akaniambia mama hata friji letu halitetemeki hivyo, tukacheka, ila usiku nimelala nausikia moyo masikioni. Nikampigia yule bwana. Akanijibu hizo ni sumu zinatoka mama, dawa inapambana, ongeza matone yafike sita sita. Na mimi nikaongeza!!! Mtu anakwambia moyo unakimbia usiku kucha na wewe unamwambia aongeze, bila kumgusa, bila kipimo, yuko zake kwenye simu, hesabu yake ni chupa ngapi zimetoka. Mpaka leo nikiona hayo makoti meupe stendi damu inachemka.

Nilianguka kwenye mazoezi ya kwaya. Hospitali wakapima umeme wa moyo, unapiga ovyo bila mpangilio, daktari akasema moyo ukipiga hivyo damu inaweza kuganda ndani yake, bonge likipanda kichwani ni kiharusi. Ndo nikapimwa TSH kwa mara ya kwanza maishani. Ikasoma 0.01. Nikasema afadhali ni ndogo. Sivyo. TSH ni amri inayotoka kwenye ubongo kulihimiza tezi lifanye kazi, homoni zikizidi ubongo unaikata hiyo amri, kwa hiyo TSH ikishuka hivyo huku T4 na T3, ndizo homoni zenyewe za tezi, ziko juu, tezi linafanya kazi kupita kiasi. Kawaida ya TSH ni kama 0.4 hadi 4.

Sasa sikiliza hapa ndipo nilipoharibu zaidi. Daktari akaniuliza, kuna dawa nyingine unatumia? Nikasema hakuna. Sikumdanganya kwa makusudi, niliambiwa ni lishe! Nikapewa kabimazoli ya kushusha homoni za tezi na propranololi ya kutuliza moyo, narudi nyumbani nameza vidonge halafu naendelea na matone yangu kumi na mbili kwa siku. Wiki sita natwanga maji kwenye kinu. Daktari anaongeza dozi, homoni hazishuki, hela za nauli na vipimo zinakwisha, nimeuza ng'ombe wa maziwa. Mpaka dada yangu alipoiona chupa kabatini akaipeleka mwenyewe. Daktari alisoma lebo akanyamaza. Mtu mzima anahitaji maikrogramu 150 za madini joto kwa siku. Tone moja la ile chupa lilikuwa na zaidi ya 6,000, yaani mahitaji ya siku arobaini ndani ya tone moja. Hata kwa yale manane ya mwanzo nilikuwa nakunywa ya karibu mwaka mzima kila siku. Ilibidi na ile picha ya tezi ya kutumia mionzi ingoje miezi, kwa sababu tezi lililoshiba madini joto halinyonyi dawa ya kipimo.

Alivyonieleza ni hivi. Tezi likikosa madini joto miaka mingi linavimba ili linase hata hicho kidogo kinachopita kwenye damu, na ndani yake vinaota vinundu. Vingine vinafika mahali havisikilizi tena amri ya ubongo, vinatengeneza homoni vyenyewe, kinachovizuia ni uhaba wa malighafi tu. Ukivimwagia madini joto umevifungulia ghala. Akasema ilishaonekana miaka ya 1990 Zimbabwe na kule Kivu, Kongo, chumvi ilipoingia ikiwa na madini joto mengi mno, watu wazima wenye marovu ya zamani wakaanza kuumwa hivi hivi. Na rovu la mama yako ni la miaka mingapi? Umesema mwenyewe.

Msinielewe vibaya, chumvi ya dukani yenye madini joto endeleeni nayo, hiyo imewaokoa watoto wetu huku milimani. Nazungumzia chupa. Na inawezekana kwa mama ni ule ugonjwa wa Graves, ambapo kinga ya mwili ndiyo inalichochea tezi, macho nayo huwa yanatokeza, daktari atajua kwa vipimo. Vyovyote iwavyo mlango ni ule ule, TSH, T4, T3, na moyo upimwe wiki hii hii. Akianzishiwa kabimazoli halafu apate homa au koo kuuma, asisubiri, aache kumeza arudi siku hiyo hiyo wapime damu, ile dawa mara chache inashusha chembe nyeupe za damu, zile zinazopigana na magonjwa.

Chupa usiitupe, nenda nayo hivyo hivyo na lebo yake uiweke mezani kwa daktari kabla hajauliza, na kama mama ameshaonja hata tone moja taja ni lini. Majibu yakitoka rudi hapa uniandikie ile namba ya TSH.